Uzi: Jina "Wasukuma" ni dira, halina uhusiano na kusukuma mtu wala ng'ombe

Ngosha wa Igoma (mwanzisha uzi)

Mwangaluka wakuu.

Kila sikukuu ya ngoma ya Bulabo ikikaribia pale Bujora, Kisesa, mitandaoni huzuka maelezo yaleyale: Wasukuma wanaitwa hivyo kwa sababu "walisukumwa" na Wamasai, au "walisukumana" wakigombea malisho, au walikuwa wasukuma mikokoteni wa Mjerumani. Hiyo ya mikokoteni ndiyo kiboko. Stanley, yule msafiri wa Kizungu, alipiga kambi Kageye, huku Magu, mwishoni mwa Februari 1875, na katika maandishi ya safari ile nchi anaiita Usukuma. Wakati huo Mjerumani hajachomeka hata kigingi kimoja Afrika Mashariki.

Neno lenyewe halina fumbo. Kwa Kisukuma na Kinyamwezi, *sukuma* ni kaskazini. Linao wenzake watatu: *dakama* ni kusini, *kiiya* ni mashariki, *ng'weli* ni magharibi. Basukuma ni watu wa kaskazini, basi. Mtu wa Tabora akielekeza uso Ziwa Victoria, huko ni sukuma, na wanaokaa huko ni Basukuma. Yeye naye akitajwa na mtu wa Magu anakuwa Ndakama, wenzake Badakama.

Anayeng'ang'ania hadithi ya kusukumwa apewe mtihani mdogo: atueleze Badakama kwa njia hiyohiyo. Nao walifanywa nini? Walidakamwa? Jina likiwa moja kati ya manne ya seti, maelezo yake lazima yaitoshe seti nzima. Yakieleza moja tu na kuyaacha matatu, yamebuniwa.

Naandaa bango la maonyesho, kwa hiyo naomba michango yenye nyama. Pia nisahihisheni kabla sijapeleka kwa mchapaji.

Bi Nyakato

Ngosha, hapo kwenye dira tuko pamoja, ila kuna kitu umekiruka. Mtu wa Shinyanga ni Msukuma, hakuna anayebisha. Lakini watu wa Mwanza humwita huyohuyo wa dakama. Sasa anakuwaje mtu wa kaskazini na wa kusini kwa wakati mmoja?

Dakama wa Nzega

Bi Nyakato, hapo ndipo penye utamu wa jina hili.

Maneno haya hayana mpaka wa kudumu, yanategemea umesimama wapi. Kwa aliye Nzega, Shinyanga ni sukuma. Kwa aliye Magu, Shinyanga ileile ni dakama. Kisukuma na Kinyamwezi ni lugha ndugu sana, na ukitembea kutoka ziwani hadi Tabora matamshi hubadilika kidogo kidogo, kijiji kwa kijiji, bila mahali utakapoweka mguu mmoja huku na mwingine kule useme hapa Kisukuma kimeisha. Kwa hiyo kila mmoja alimwita jirani wa juu yake Nsukuma na wa chini yake Ndakama, na wote wakawa sahihi.

Kilichokuja kuligandisha jina ni karatasi. Zamani mtu akiulizwa yeye nani, alitaja utemi wake: wa Nera, wa Usmao, wa Nassa, wa Busiya, wa Kanadi. Ntemi ndiye aliyekuwa kichwa cha nchi, na nchi hizo zilikuwa nyingi, kila moja na ngoma zake na mipaka yake. Msafiri, mmisionari na karani wa boma walihitaji neno moja la kuandikia watu wote hao, wakaliokota lile walilolisikia kwa waliowaongoza kutoka kusini. Misafara ilikuwa inatoka pwani, inapita Tabora, kisha inapanda. Kwa hiyo ziwa lilifikiwa kwa macho ya mtu wa kusini, na jina lililoingia vitabuni ni la mtu wa kusini.

Mwaka 1946 Waingereza waliwaunganisha watemi katika Shirikisho la Usukuma, makao yake yakawa Malya, Kwimba. Tangu hapo jina la upande wa dira likawa na ofisi, mihuri na baraza. Utawala wa machifu ukafutwa baada ya Uhuru, jina likabaki.

Isimu Tupu

Naongeza upande wa umbo la neno, maana mabango mengi hukosea hapo.

Kisukuma chenyewe husema Nsukuma kwa mtu mmoja, Basukuma kwa wengi, Busukuma kwa nchi. Kiswahili kimebadilisha viambishi tu: ba- ikawa wa-, bu- ikawa u-, n- ikawa m-. Shina halikuguswa. Ile n- ya mwanzo asili yake ni mu-, ila Kisukuma huikata mbele ya konsonanti nyingi: ntemi na batemi, nsumba (kijana) na basumba. Mbele ya irabu mu- hugeuka ng'w-, ndiyo maana mtoto ni ng'wana.

Halafu jina la lugha. Kiambishi ki- hapa irabu yake iko katikati ya i na e. Kisukuma kina irabu saba, na alfabeti ya Kiswahili ina herufi tano tu za kuziandikia. Profesa Herman Batibo katika kazi yake ya 1985 aliandika *kesukuma*, kwa e, na hakukosea tahajia. Athari yake kwa mada yetu ni kubwa: maneno mawili ya Kisukuma yanaweza kuandikwa sawasawa kwa herufi za Kiswahili na bado yakawa na irabu tofauti au kidatu (kupanda na kushuka kwa sauti) tofauti. Mtu asijenge asili ya jina kwa kutazama maandishi. Asikilize.

Kizuri zaidi, kiambishi hichohicho hakitamkwi sawa Usukuma nzima. Upande wa magharibi, Mwanza ikiwemo, lahaja inaitwa Kimunasukuma. Kaskazini mashariki, kwa Wanyantuzu wa Bariadi, ni Ginantuzu. Kusini mashariki ni Jinakiiya. Ki-, gi-, ji-: kazi moja, matamshi matatu. Tena tazama majina yenyewe. La kwanza ni la dira, la tatu ni la dira, la katikati limetokana na nchi ya Ntuzu. Siku hizi kuna wanaobishana kama Mnyantuzu ni "kabila jingine". Jina lenyewe linajibu: ni mtu wa Ntuzu, kama ambavyo mwingine alikuwa mtu wa Nera.

Samaki wa Kamanga

Na majina ya watu si lazima yatoke kwenye dira au nchi. Bagika, wale wachezaji ngoma, wanatokana na Ngika, mwanzilishi wao. Jina la mtu limegeuka jina la kundi.

Swali langu ni hili. Kama Basukuma ni watu wa kaskazini, mbona Wakerewe na Wakara si Basukuma? Wako kaskazini zaidi, katikati ya maji.

Dakama wa Nzega

Kwa sababu dira hufanya kazi ndani ya lugha moja. Ukitaja majirani mnaoelewana, unawatofautisha kwa upande wanakokaa. Ukifika kwa watu ambao maneno yao hayaingii sikioni, unawapa jina la nchi yao. Kikerewe kiko karibu na Kizinza na Kihaya. Kikara kinakaribiana na Kijita. Kwa hiyo sukuma inaishia ufukweni.

Isimu Tupu

Ukerewe inafaa kutajwa kwenye bango kwa kulinganisha tu, maana pale Kiswahili kimegusa shina lenyewe. Wenyewe ni Abakerebe, nchi ni Bukerebe. Kiswahili kimetoa a- ya mwanzo, kikageuza ba- kuwa wa-, kisha kikaivuta na ile b ya ndani ya shina ikawa w: Wakerewe, Ukerewe. Anayetafuta asili ya jina kwa kuanzia na umbo la Kiswahili "kerewe" (nimeona mtu anahusisha na kuchelewa, jamani) ameanza na neno lililokwisha chongwa. Daima anza na umbo la wenye jina.

Bi Nyakato

Nashukuru, nimeelewa. Sasa tugeukie ndugu zetu. Wanyamwezi ni "watu wa mwezi" kweli, au nayo ni ya mikokoteni?

Dakama wa Nzega

Hiyo ina msingi, lakini watu huibebesha mzigo usio wake.

Kwanza, jina limetoka pwani. Wenyewe walijiita kwa nchi zao, Wanyanyembe na wengineo, kama tulivyosema kuhusu Nera na Usmao. Watu wa pwani ndio waliokuwa wakipokea misafara ya wapagazi kutoka bara, na bara kwao ni magharibi. Mwezi mwandamo huonekana upande gani? Magharibi, jua likishazama, mwembamba kama ukucha. Kwa hiyo maelezo yanayokubalika zaidi ni kwamba Wanyamwezi ni watu wa upande mwezi unakoandama, yaani watu wa magharibi. Nayo ni dira tena! Pwani waliwaita watu wa magharibi, na wao wakawaita wenzao watu wa kaskazini.

Kosa ni kuongeza kwamba waliabudu mwezi, au kwamba nchi yao ndiyo ile Milima ya Mwezi yenye theluji ya wanajiografia wa kale. Wazungu wa karne ya 19 walipenda sana kuunganisha hayo, kwa sababu walikuwa wanatafuta chanzo cha Nile na kila neno lenye "mwezi" liliwatia kiwewe. Tabora haina milima ya theluji, wakuu.

Isimu Tupu

Na ile -nya- iliyo katikati ni kiambishi cha umilikaji: mtu wa mahali au wa kitu fulani. Iko kwa Mnyaturu, kwa Mnyarwanda, na kwa Mnyantuzu tuliyemtaja. Basukuma hawana -nya- kwa sababu ba- imewekwa moja kwa moja juu ya jina la upande.

Tofautisheni pia maneno mawili ya Kisukuma ambayo wachapaji huyachanganya: *ng'weji* ni mwezi, *ng'weli* ni magharibi. Herufi moja tu, na bango zima linapotosha.

Samaki wa Kamanga

Kumbe hata kaskazini na kusini za Kiswahili ni za aina hiyohiyo. Kaskazi ni upepo, kusi ni upepo. Kaskazini ni unakotoka kaskazi, kusini ni unakotoka kusi. Mvuvi wa Unguja akisema kaskazini ametaja tanga lake.

Isimu Tupu

Umenena. Mashariki na magharibi tukazichukua kwa Kiarabu. Na Waswahili wenyewe jina lao linatokana na *sawahil*, pwani kwa Kiarabu: watu wa pwani, jina walilopewa na waliokuja kwa jahazi. Nani anabishana kwamba Waswahili walitoka baharini? Hakuna. Basi asitokee mtu kusema Wasukuma "walitoka kaskazini" kwa sababu jina linasema kaskazini. Jina linaonyesha walikokuwa wakionekana.

Ngosha wa Igoma

Hiyo sentensi ya mwisho naiweka kwenye bango kama ilivyo. Wabeja sana.

Wakuu, hatua kwa hatua: mtu akitaka kuchunguza jina la kwao, aanzie wapi? Tuiandike vizuri, maana wanafunzi wengi watapita hapa.

Isimu Tupu

Naandika kwa ufupi, wengine waongeze.

Andika kwanza wanavyojiita wenyewe, umoja na wingi, pamoja na jina la nchi na la lugha. Maumbo manne. Ukikosa moja, unaweza kuchukua kiambishi ukadhani ni sehemu ya shina. Kisha andika majirani wanavyowaita, kila jirani kwa lugha yake. Mara nyingi jina lililoingia vitabuni ni la jirani.

Baada ya hapo uliza lugha. Jina linasemwa maana yake ni fulani katika lugha ipi? Hapa ndipo wengi wanapoangukia. Wanachukua jina la Kisukuma na kulitafutia maana kwenye kamusi ya Kiswahili, kwa kuwa ndiyo kamusi waliyonayo. Kufanana kwa sauti si ushahidi. Lugha za Kibantu zina silabi chache zinazopendwa, kwa hiyo utapata neno linalofanana kila ukitafuta.

Tafuta seti. Kama jina ni la dira, yatafute mengine matatu. Kama ni la mwanzilishi, angalia kama makundi jirani nayo yana majina ya waanzilishi. Mwisho, linganisha na tarehe ya maandishi ya kale kabisa yenye jina hilo. Hadithi yoyote inayotaja tukio la baada ya tarehe hiyo imekufa papo hapo, kama ile mikokoteni.

Bi Nyakato

Naongeza juu ya kuuliza wazee. Ukimuuliza namhala "kwa nini mnaitwa Wasukuma?", utapewa hadithi, kwa sababu umeomba hadithi, na mzee hatakuacha uondoke mikono mitupu. Muulize kwa Kisukuma: "Upande ule unaitwaje? Na wanaokaa kule mnawaitaje?" Umwonyeshe kwa mkono, pande zote nne. Hapo anataja maneno ya kila siku, hana cha kupamba. Uliza wazee watatu wa sehemu tatu, mmoja wa karibu na ziwa, mmoja wa Shinyanga, mmoja wa Bariadi, kisha linganisha.

Samaki wa Kamanga

Na wasafiri wa zamani wasomwe kwa tahadhari. Speke alipofika ukingo wa ziwa Agosti 1858 alisikia *nyanza*, akaiweka kwenye ramani kama jina. Nyanza maana yake ni ziwa, maji makubwa. Kwa hiyo "Ziwa Nyanza" ni ziwa ziwa. Nyasa nako ni hivyohivyo, na Wanyanja wa huko kusini ni watu wa ziwa. Mgeni anauliza "hili nini?", anajibiwa "ziwa", anaandika kwa herufi kubwa.

Ngosha wa Igoma

Rasimu ya bango hii hapa:

"Basukuma maana yake ni watu wa kaskazini. Kwa Kisukuma sukuma ni kaskazini, dakama kusini, kiya mashariki, ngweli magharibi. Jina hili lilitumiwa na majirani wa kusini, na wao wakaitwa Wadakama. Jina linaonyesha walikokuwa wakionekana, si walikotoka. Wasukuma ni watu milioni 10."

Isimu Tupu

Kiiya iandikwe kwa i mbili, irabu ni ndefu. Ng'weli lazima iwe na kibainishi (alama ya '), bila hicho msomaji atatamka *ng* ya "ngoma", na hiyo ni sauti nyingine. Mchapaji aangaliwe hapo hasa: programu nyingi hugeuza alama hiyo kuwa mkia uliopinda, mara nyingine unaotazama upande usio wake, na kwenye herufi kubwa huachwa kabisa. Omba uone nakala ya mwisho kwa macho yako, usikubali kusomewa kwenye simu.

Dakama wa Nzega

Hiyo milioni 10 itoe. Sensa ya mwisho kuuliza kabila hapa nchini ni ya 1967. Tangu hapo kila idadi unayoiona ni makadirio ya mtu, na kila mtu na yake. Bango la jina halihitaji idadi.

Na badala ya "majirani wa kusini" andika "Wanyamwezi na wengine walioishi kusini", kwa sababu mtoto atauliza majirani gani.

Bi Nyakato

Ngosha, kuna la kuongeza kama nafasi ipo. Siku hizi Wasukuma wako Katavi, Rukwa, Usangu hadi Kilombero na mifugo yao. Huko wanakaa kusini ya Wanyamwezi, na bado wanaitwa watu wa kaskazini. Sentensi moja tu, itawafanya watu wasimame wasome mara mbili.

Ngosha wa Igoma

Naiweka. Idadi naitoa, i ya pili na kibainishi narudisha. Kuna kingine kabla sijatuma?

Isimu Tupu

Mstari wa kwanza umeandika Basukuma, wa tatu Wadakama, wa mwisho Wasukuma. Chagua mfumo mmoja. Ukitumia ba-, iwe Basukuma na Badakama bango zima, na chini uweke kwa herufi ndogo: "kwa Kiswahili, Wasukuma". Pia liweke neno *sukuma* kwa herufi za mlazo, la sivyo kuna atakayelisoma kama amri.

Samaki wa Kamanga

Hasa likibandikwa mlangoni.